Namba ya Dawa Isiyofika Jichoni

Orodha ya kimataifa ya magonjwa katika toleo lake la 10, lililoidhinishwa na Mkutano Mkuu wa Afya Duniani mwaka 1990, haikuzisahau dawa za macho. Mtoto akinywa matone ya babu yake, kisa chake kinaandikwa T49.5. Mgonjwa akidondosha dawa kama alivyoelekezwa, kisha kifua kikambana, madhara hayo yanaandikwa Y56.5. Dawa iliyopotea njia ina namba yake, na iliyodhuru ikiwa njiani ina yake. Iliyopungua haina. Mtu aliyeandikiwa tone asubuhi na tone jioni akadondosha la asubuhi peke yake, au aliyeishiwa chupa tarehe 20 ilhali kliniki yake ni tarehe 5 ya mwezi unaofuata, hana mahali pake katika fungu la dawa. Lipo kapu moja tu la jumla, Z91.1, la watu wenye historia ya kutofuata matibabu, na ndani yake maskini, msahaulifu, mzee anayetetemeka mikono na mtu aliyekata tamaa wote wanakuwa kitu kimoja. Hoja ya sura hii ni kwamba pengo hilo linawapofusha watu, kwamba Tanzania ina ujuzi wa kulijaza kuliko nchi nyingi, na kwamba mahali pazuri pa kuanzia ni Nyanda za Juu Kusini.

Wamarekani walipoanza kutumia toleo lao la orodha hiyo, tarehe 1 Oktoba 2015, walikuwa wamelirefusha. Namba T49.5X6 kwao maana yake ni dozi pungufu ya dawa za macho: X inashika nafasi tu, 6 ndiyo inayosema kwamba dawa ilipungua, na mwishoni inaongezwa herufi moja kuonyesha kama mgonjwa yuko katika matibabu ya mwanzo, ya kuendelea, au anahudumiwa kwa athari iliyobaki baadaye. Dozi pungufu wameifafanua kuwa ni kutumia dawa chini ya kiasi alichoagiza mtoa huduma au kilichoelekezwa na mtengenezaji, na wameingiza humo hata mgonjwa kuacha dawa kwa uamuzi wake mwenyewe. Kisha inafuata namba ya pili, na kwangu hiyo ndiyo yenye thamani kubwa zaidi, kwa sababu inaeleza kwa nini. Z91.120 ni ya aliyepunguza kwa kujua kwa sababu hana fedha. Z91.128 ni ya aliyepunguza kwa kujua kwa sababu nyingine. Z91.130 ni ya aliyepunguza bila kukusudia kwa udhaifu wa uzee, na Z91.138 ni ya aliyepunguza bila kukusudia kwa sababu nyingine. Juu ya yote kuna kanuni moja: namba ya dozi pungufu haisimami mbele kamwe. Mbele unasimama ugonjwa. Jicho lililozidiwa ndilo linaloandikwa kwanza, na upungufu wa dawa unafuata kama maelezo ya kilicholifikisha hapo. Tutairudia kanuni hiyo, maana ndani yake mna heshima ambayo madaftari mengi hayana.

Ugonjwa ambao pengo hili linauhusu kuliko mengine ni glakoma, ambayo watu wengi wanaiita presha ya macho. Mtoto wa jicho akipofusha, upasuaji unarudisha nuru. Presha ya macho ikila mshipa wa fahamu wa jicho, kilicholiwa hakirudi. Haiumi, na huanza kula pembeni mwa uono, mahali ambapo mtu hapachunguzi, hivyo anaendelea kuhesabu fedha sokoni na kusoma ujumbe wa simu ilhali sehemu kubwa ya uono wake imekwisha kuondoka. Wala si ugonjwa wa wachache. Utafiti uliofanyika katika vijiji vya Kongwa, mkoani Dodoma, na kuchapishwa mwaka 2000, uliwapima watu 3,268 wenye umri wa zaidi ya miaka 40 na kukuta asilimia 4.16 kati yao wana glakoma ya aina moja au nyingine. Dawa yake ya kawaida hospitalini ni matone ya timololi, mara mbili kwa siku, kila siku, maisha yote. Hapo ndipo ugumu ulipo: unamwambia mtu asiyesikia maumivu atumie dawa ambayo haimwongezei nuru hata kidogo, inayomwasha, na inayonunuliwa tena kila mwezi. Malaria inamkumbusha mtu dozi kwa homa. Presha ya macho haimkumbushi kwa lolote.

Tuchukue Soweto, mtaa wa jiji la Mbeya unaojulikana kwa soko lake la mazao. Tuseme mfanyabiashara wa viazi wa mtaa huo anahudhuria kliniki ya macho katika Hospitali ya Rufaa ya Kanda. Mara ya mwisho presha ya jicho lake ilikuwa 20, leo ni 28. Daktari ana maelezo mawili mezani. La kwanza, dawa inafika jichoni lakini imeshindwa kazi. La pili, dawa haifiki. Maelezo haya yanaongoza kwenye njia zinazopishana kabisa. Kama dawa imeshindwa, inaongezwa ya pili, au mgonjwa anapangiwa upasuaji. Kama haifiki, kumwongezea dawa ya pili mtu aliyeshindwa kununua ya kwanza ni kumsogeza mbali zaidi na tiba. Lakini katika kumbukumbu visa vyote viwili vitasomeka sawasawa: glakoma, presha 28, dawa imeongezwa. Kwa miaka mingi taarifa ya wagonjwa wa nje katika MTUHA, mfumo wa taifa wa taarifa za huduma za afya, imeyagawa macho katika mafungu mapana, yenye kuambukiza, yasiyoambukiza na majeraha, na mafungu hayo yakifika wilayani, mkoani na wizarani hayambebi mfanyabiashara yule wala sababu yake. Fomu ya madai ya bima nayo inataka namba ya ugonjwa. Haiulizi dawa iliyolipiwa mwezi uliopita iliishia wapi.

Kuna upungufu mwingine ambao hata mgonjwa mwenyewe hajui kuwa anao. Chupa ya kawaida ya matone ina mililita 5. Tukikadiria matone 20 kwa kila mililita, hayo ni matone 100. Macho mawili, mara mbili kwa siku, ni matone 4, kwa hiyo chupa inakwisha siku ya 25 hata kama hakuna tone lililopotea. Dawa yenye matone madogo zaidi, 30 kwa mililita, inafika siku ya 37. Lakini nani hapotezi hata tone? Mzee mwenye vidole vya baridi yabisi anayeibonyeza chupa peke yake, kichwa nyuma, bila kioo, mara nyingi litamwangukia shavuni. Akikosea tone moja katika kila mawili, chupa ya siku 25 inakwisha kabla ya wiki mbili. Ikiwa tarehe yake ya kliniki ni baada ya mwezi, zaidi ya nusu ya mwezi huo jicho linakaa bila dawa, na mgonjwa huyu, akiulizwa kama anatumia dawa, atajibu kwa moyo mweupe kwamba anatumia. Hakukatisha dozi, dozi ndiyo iliyomkatikia. Daftari linalojua maneno mawili tu, anatumia na hatumii, litamwandika vibaya kwa vyovyote vile.

Hapa nchini tunao ushahidi kwamba pengo kati ya dawa iliyoandikwa na jicho lililopona ni pana. Katika hospitali ya KCMC mjini Moshi, watafiti walilinganisha matone ya timololi na tiba ya mwale wa leza kwa wagonjwa wa glakoma, na matokeo yakachapishwa mwaka 2021 katika jarida la Lancet Global Health. Baada ya mwaka mmoja, matone yalikuwa yameishusha presha hadi kiwango kilichokusudiwa katika macho 55 kati ya 176, yaani asilimia 31. Leza ilifanikiwa katika macho 99 kati ya 163, asilimia 61. Matokeo hayo yananukuliwa kama ushindi wa leza, na ni ushindi kweli. Mimi navutiwa na jambo jingine katika utafiti huo: waliupangilia wakijua kwamba mgonjwa anaweza kuhitaji kufundishwa upya namna ya kudondosha dawa, na wakaruhusu mafundisho hayo yarudiwe mara moja, kama walivyoruhusu leza irudiwe mara moja. Kwao, kumfundisha mtu tena kulihesabika kuwa sehemu ya tiba, kukawekwa mizani moja na mashine. Katika kliniki ya kawaida somo hilo halina safu, na kwa kuwa halina safu, siku ya wagonjwa wengi ndilo la kwanza kurukwa.

Mtu anaweza kusema kwamba hata safu ikiwepo, wagonjwa watadanganya. Pingamizi hili lina uzito. Mwaka 1986 watafiti wa Marekani walichapisha kazi iliyofanywa kwa wagonjwa 184 waliokuwa wakitumia matone ya pilokapini, dawa nyingine ya glakoma. Bila wao kujua, chupa zao zilikuwa na kifaa kilichorekodi kila zilipotumika. Wagonjwa walieleza kuwa walidondosha asilimia 97.1 ya dozi zao. Kifaa kilionyesha asilimia 76.0. Tofauti ni zaidi ya dozi moja katika kila tano. Lakini tuusome ushahidi huo mpaka mwisho wake. Unachothibitisha ni kwamba swali la ndiyo au hapana, likiulizwa na mtu ambaye mgonjwa anataka kumridhisha, huleta ndiyo. Swali likiulizwa namna nyingine hali inabadilika: katika siku 7 zilizopita, ni siku ngapi dawa haikuwahi? Umekuja na chupa? Hebu dondosha hapa nione. Chupa iliyofunguliwa miezi 3 iliyopita na bado nzito inasema bila kuulizwa, na mkono unaotetemeka mbele ya muuguzi hauwezi kuficha. Zaidi ya hayo, hata kumbukumbu yenye kasoro ina faida. Ikiwa kati ya wagonjwa 100 ni 20 tu watakaokiri, na 15 kati yao wakataja bei, tayari tumepata jambo ambalo leo hatulijui kabisa.

Pingamizi la pili ni la wauguzi na watunza kumbukumbu, na nalisikiliza kwa unyenyekevu kwa sababu wanaolitoa ndio wanaofanya kazi. Wanasema vitabu vimekuwa vingi, kila mradi unakuja na fomu yake, na takwimu zinapanda juu bila kurudi chini zikiwa na jibu. Ni kweli. Ndiyo maana sipendekezi kuziiga namba za Marekani zenye herufi saba. Kule zilizaliwa na mfumo wa malipo, ambao una majeshi ya makarani kazi yao ni namba tu. Sisi tuna kitu chetu, na kinajulikana sana Nyanda za Juu Kusini. Kadi ya CTC2, inayotumika katika kliniki za watu wanaoishi na VVU, ina safu ya ufuasi wa dawa. Ufuasi ukiwa mbaya, mhudumu anachagua sababu kutoka katika orodha fupi yenye namba: madhara ya dawa, kusahau, kujisikia nafuu, kuishiwa dawa, dawa kukosekana famasi, shida ya safari, kushindwa kulipa, kuogopa kujulikana, na nyingine. Namba moja, sekunde chache. Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2016 hadi 2017 ulikuta maambukizi ya VVU miongoni mwa watu wazima kuwa asilimia 11.4 Njombe, 11.3 Iringa na 9.3 Mbeya, viwango vya juu kabisa nchini. Kwa hiyo wahudumu wa mikoa hii wamekuwa wakiandika sababu za kukatisha dozi, mgonjwa kwa mgonjwa, kwa muda mrefu na kwa wingi. Kinachotakiwa kwenye macho ni ufundi ule ule uvuke ukumbi.

Na kabla ya kadi hiyo kulikuwa na kifua kikuu. Mwaka 1977 Tanzania ilianzisha mpango wa taifa wa kifua kikuu na ukoma, na daktari Karel Styblo, mzaliwa wa Czechoslovakia, alishiriki kuujengea daftari ambalo baadaye liliibadilisha dunia. Kila robo mwaka, wagonjwa wote walioanza dawa pamoja walihesabiwa mwisho wao: waliopona, waliomaliza dozi, waliofariki, waliohamia kwingine, na waliokatisha. Hakuna aliyeruhusiwa kuyeyuka kimyakimya. Miaka ya 1990 Shirika la Afya Duniani lilieneza mkakati uliosimama juu ya hesabu hiyo katika mataifa mengi. Nchi iliyoifundisha dunia kumhesabu mgonjwa aliyekatisha dozi ya kifua kikuu haina udhuru wa kushindwa kumhesabu aliyekatisha dozi ya jicho. Sababu ya kutofanya hivyo naiona wazi, nayo si uhaba wa ujuzi: kifua kikuu kinaambukiza na kinaua, kwa hiyo jamii ilijihofia yenyewe. Upofu wa glakoma haumwambukizi jirani. Unabaki nyumbani na mwenye nao, na mjukuu anayeachishwa shule amshike mkono.

Pingamizi zito kuliko yote ni la wale wanaohofia kwamba namba hii itageuka fimbo. Lugha yetu ya kliniki ina maneno makali: mtoro, mkaidi, hafuati masharti. Mgonjwa akiandikwa hivyo, kila atakayefungua jalada lake atamwona mkosaji kabla hajamwona mgonjwa, na bima inaweza kusema, huyu alijitakia. Hofu hiyo ina msingi, na hasa sasa ambapo Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ya mwaka 2023 itawaingiza watu wengi zaidi katika fomu za madai. Lakini kutoandika hakumlindi mtu. Leo mgonjwa anaitwa mtoro kwa mdomo, na kwa kuwa sababu yake haikuandikwa, hana kitu cha kumtetea. Kuandika kwamba alikosa dawa kwa sababu haikuwepo famasi ni kumtetea. Kuandika kwamba chupa iliisha siku ya 25 ni kumtetea. Na ile kanuni ya Wamarekani tuichukue nzima hata tukiziacha namba zao: ugonjwa mbele, upungufu nyuma yake, sababu mwisho, na isiwe halali kuitumia safu hiyo kukatalia malipo. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inatupa pa kushikia. Hata orodha mpya ya dunia, toleo la 11 lililoanza kutumika tarehe 1 Januari 2022, imetoa nafasi ya kuonyesha kwamba madhara yalitokana na dozi kupungua, kwa hiyo pengo la toleo la 10 halipaswi kuhamia nasi kwenye mfumo mpya.

Wapo pia watakaouliza kwa nini tuhangaike na matone wakati KCMC imeonyesha leza inashinda. Leza na iletwe, Mbeya, Iringa na kila hospitali yenye daktari wa macho wa kuitumia. Ila katika utafiti ule ule, asilimia 39 ya macho yaliyopigwa mwale hayakuwa yamefika kiwango baada ya mwaka mmoja, na wagonjwa wa namna hiyo watarudi kwenye matone au upasuaji. Halafu ni nani atakayeishawishi serikali kununua mashine kwa ajili ya kanda yenye mikoa saba, kama hakuna takwimu inayoonyesha ni wagonjwa wangapi wanapoteza nuru wakiwa na cheti cha dawa mfukoni? Ombi la leza linahitaji safu hii kuliko linavyohitaji barua. Sababu zenyewe ndizo zitakazosema cha kununua. Zikielemea bei, tatizo linapelekwa kwenye bima na kwenye kiasi kinachotolewa kwa mwezi. Zikielemea famasi tupu, linapelekwa Bohari ya Dawa. Ikiwa ni mikono ya uzee, dawa yake ni mjukuu kufundishwa kudondosha, na hilo halina gharama. Na ikiwa wengi wanasema dawa inawabana kifua, basi kuacha kwao kulikuwa na busara kuliko agizo lenyewe, maana timololi haimfai mwenye pumu, na daktari alipaswa kujua tangu siku ya kwanza.

Kwa hiyo ninachoomba ni kidogo na kinapimika. Kadi ya kliniki ya macho iongezwe safu mbili: siku zilizokosekana katika wiki iliyopita, na namba ya sababu kutoka katika orodha isiyozidi nane. Jumla yake iingie katika taarifa ya mwezi kama yanavyoingia magonjwa, na irudi kliniki kila robo mwaka ili waliojaza waone kilichobadilika. Ianze katika kliniki chache, Mbeya na Iringa, ambako wahudumu wana uzoefu wa miaka na safu ya namna hii.

Nawe msomaji, kama wewe au mzazi wako anadondosha dawa ya presha ya macho, usingoje safu hiyo ichapishwe. Siku ya kliniki nenda na chupa yenyewe, taja siku ambazo dawa haikuingia jichoni, taja na sababu, hata ikiwa ni aibu ya fedha. Kisha mwombe anayekuhudumia ayaandike hayo kwenye kadi yako, chini ya jina la ugonjwa.